Mfalme Wu Ding wa nasaba ya Shang: ngano, mifupa na kaburi la mkewe

Swali la msomaji: Mimi ni mwalimu wa historia katika shule ya sekondari. Nimesoma kwamba Mfalme Wu Ding wa China ya kale alitawala kwa miaka 59, kwamba alimpata waziri wake kwa njia ya ndoto, na kwamba mmoja wa wake zake alikuwa jemadari wa jeshi. Je, mambo haya yana ushahidi, au ni ngano zilizotungwa baadaye? Na mfalme huyu alikuwa mtawala wa namna gani?

Jibu: Ndugu Mwalimu, kati ya mambo matatu uliyoyataja, lile la mke jemadari, ambalo wengi hulidhania kuwa ngano, ndilo lenye ushahidi wenye nguvu kuliko yote. La miaka 59 linaelekea kuwa karibu na ukweli, ingawa haliwezi kuthibitishwa mwaka kwa mwaka. La waziri wa ndotoni halionekani kabisa katika maandishi ya zama za mfalme mwenyewe. Ili tofauti hiyo ieleweke, ni lazima kwanza tuelewe kwamba habari za Wu Ding zimetufikia kwa njia mbili ambazo kwa muda mrefu hazikukutana: vitabu vilivyoandikwa baada yake, baadhi kwa tofauti ya miaka zaidi ya elfu moja, na mifupa iliyochongwa maneno katika ua wake mwenyewe, ikafukiwa ardhini na kusahauliwa kwa zaidi ya miaka elfu tatu.

Nianze na vitabu, kwa kuwa ndivyo vilivyomjenga Wu Ding anayejulikana na wengi. Katika hotuba iliyomo kwenye Kitabu cha Nyaraka, mkusanyo wa kale wa hotuba na hati za watawala wa China, ambayo kwa jadi hunasibishwa na Mtawala wa Zhou, kiongozi wa mwanzoni wa nasaba iliyoifuata Shang, mfalme huyu anaitwa kwa jina la heshima la Gaozong. Inaelezwa kwamba ujanani aliishi na kufanya kazi miongoni mwa watu wa kawaida, kwamba alipokalia kiti cha enzi alikaa miaka mitatu bila kusema, na kwamba alitawala kwa miaka 59 pasipo malalamiko ya wakubwa wala wadogo. Simulizi la ukimya huo lilienea kiasi kwamba mwanafunzi wa Confucius aliyeitwa Zizhang alimwuliza mwalimu wake maana yake, naye akajibu kwamba hilo halikuwa la Gaozong peke yake, kwani wafalme wote wa kale walifanya hivyo wakati wa kuomboleza. Sima Qian, mwanahistoria wa nasaba ya Han aliyeandika karibu mwaka 100 KK, anaongeza habari ya ndoto: mfalme alimwona usingizini mtu mwenye hekima, akaagiza atafutwe kila mahali, hatimaye akapatikana Fu Yue, mtu wa hali ya chini aliyekuwa katika kazi ya kushindilia udongo wa kuta. Mfalme alimpandisha kuwa waziri, na nchi ikatengemaa.

Hakuna sababu ya kuyadharau masimulizi haya, lakini ni vema kuuliza yalimfaa nani. Watu wa Zhou waliipindua nasaba ya Shang karibu mwaka 1046 KK, kisha wakalazimika kueleza kwa nini walistahili kuichukua nchi. Maelezo yao yalikuwa kwamba Mbingu huwapa utawala watu wema na kuuondoa kwa waovu. Hoja hiyo ilihitaji mfalme wa mwisho wa Shang awe mlevi na katili, na vilevile ilihitaji baadhi ya wafalme waliomtangulia wawe watu wa mfano, ili ionekane kwamba nasaba ile iliwahi kupendwa na Mbingu kabla ya kupotoka. Kwa maoni yangu, Gaozong mnyenyekevu, mwenye subira na asiyependa anasa, ametokana kwa kiasi kikubwa na hoja hiyo ya kisiasa. Kwamba mifupa haimtaji Fu Yue si uthibitisho kwamba hakuwapo. Ni kwamba hatuna shahidi wa wakati wake, na mwalimu anayesimulia habari hiyo darasani anapaswa kuiita simulizi.

Sasa tuje kwenye mifupa. Mwaka 1899 msomi na ofisa wa serikali mjini Beijing, Wang Yirong, alitambua kwamba alama zilizokuwa juu ya vipande vya mifupa ya kale vilivyouzwa na wafanyabiashara zilikuwa maandishi. Baadaye ilijulikana kwamba vipande hivyo vilitoka katika mashamba ya kijiji cha Xiaotun, karibu na mji wa Anyang katika jimbo la Henan, kaskazini mwa China, mahali palipokuwa mji mkuu wa mwisho wa nasaba ya Shang. Mwaka 1917 Wang Guowei alilinganisha majina ya wafalme yaliyochongwa kwenye mifupa na orodha ya Sima Qian, akaonyesha kwamba orodha ile, isipokuwa kwa makosa machache, ilikuwa sahihi. Uchimbaji wa kitaalamu ulianza mwaka 1928, na mwaka 1936 kulifukuliwa shimo moja, linalojulikana kwa namba YH127, lililokuwa na vipande 17,096, takriban vyote vikiwa magamba ya kobe na vingi vikiwa vya zama za Wu Ding. Hadi leo vipande vilivyokusanywa ni takriban 150,000, na zaidi ya nusu vinahusishwa na mfalme huyu mmoja. Yeye ndiye mfalme wa kwanza wa China ambaye tunayo maandishi ya hakika ya wakati wake.

Mifupa hiyo ilitumika katika uaguzi. Mafundi walichukua gamba la tumboni la kobe au mfupa wa bega la ng'ombe, wakaulainisha, kisha wakachimba vishimo upande wa nyuma bila kuutoboa. Mwaguzi alitamka jambo lililokusudiwa, moto ukawekwa kwenye kishimo, na mfupa ukapasuka upande wa mbele kwa ufa wenye tawi la pembeni. Mfalme aliusoma ufa huo na kutoa neno lake. Baadaye mchongaji aliandika tarehe, jina la mwaguzi, jambo lililoulizwa, mara nyingine tafsiri ya mfalme, na mara chache zaidi kile kilichotokea. Mara nyingi jambo moja liliwekwa kwa pande mbili, la kukubali na la kukanusha: tutapata mavuno, huenda hatutapata mavuno. Miongoni mwa waaguzi wa Wu Ding tunawajua kwa majina Que, Bin na Zheng, ambao majina yao yanarudi katika mamia ya vipande.

Mtu akiyasoma maandishi haya baada ya kusoma vitabu vya Zhou, hukutana na mfalme mwingine kabisa. Huyu si mtu wa kimya. Anauliza kuhusu mvua na mavuno ya nafaka, kuhusu vita, safari, uwindaji na ujenzi wa miji, kuhusu ndoto zake na maradhi yake. Anapoumwa jino, anataka kujua ni mzimu gani wa ukoo unaomtesa: je, ni Baba Jia, Baba Geng, Baba Xin, au Baba Yi? Majina haya manne yana thamani kubwa kwa mwanahistoria, kwa kuwa ni ya wafalme wanne wa kizazi kilichomtangulia, yaani baba yake Xiao Yi na ndugu watatu wa baba yake waliotawala kwa kupokezana, na katika desturi ya Shang wote walikuwa baba zake. Kwa namna hiyo ugonjwa wa jino la mfalme umetusaidia kuthibitisha ukoo wake. Juu ya mizimu hiyo alikuwapo Di, mungu mkuu, mwenye uwezo juu ya mvua, upepo na ushindi vitani, ambaye kwa kawaida hakutolewa sadaka moja kwa moja. Mfalme alimfikia kupitia wazee wa ukoo wake. Nadhani hapa ndipo ulipo mzizi wa mamlaka ya Wu Ding. Alitawala kwa silaha, lakini pia kwa sababu yeye ndiye aliyekuwa na wafu wa kuwasemesha kwa niaba ya nchi nzima.

Hali ya mipaka yake ilikuwa ngumu. Mfupa mmoja maarufu unaeleza kwamba mfalme, baada ya kusoma nyufa, alitabiri balaa, na siku ya tano ikaja habari kutoka magharibi: mshirika wake Zhi Guo aliripoti kwamba watu wa Tufang walikuwa wameshambulia mpaka wake wa mashariki na kudhuru makazi mawili, huku watu wa Gongfang wakivamia mashamba ya mpaka wa magharibi. Vita dhidi ya makundi haya mawili vinajaza mifupa mingi. Kitabu cha Mabadiliko, kitabu cha kale cha uaguzi, kinasema Gaozong aliwapiga Guifang akawashinda baada ya miaka mitatu, lakini katika mifupa jina la Guifang ni nadra sana, ilhali Gongfang wanatajwa kwa mamia ya mara. Watu wa Zhou pia wamo, na kwa sura mbili: mara ni washirika wanaopewa amri, mara ni maadui wa kushambuliwa. Kwa hiyo ile picha ya milki moja kubwa yenye mipaka iliyochorwa haifai kutumiwa kwa zama hizi. Wu Ding alikuwa mkuu wa mtandao wa makabaila na washirika ambao utii wao ulitegemea ziara, zawadi, ndoa na vita.

Hapo ndipo anapoingia mke wake, Fu Hao. Jina lake linapatikana katika zaidi ya maandishi 200 ya mifupa. Anatajwa akiongoza ibada, akikusanya watu na kwenda vitani. Maandishi mamoja yanahusu kuandaa watu 3,000 wa Fu Hao pamoja na wapiganaji 10,000 ili kuwashambulia Qiang, watu wa magharibi, nalo ni jeshi kubwa kuliko yote yanayotajwa katika mifupa ya Wu Ding. Hata hivyo, kabla ya mwaka 1976 wasomi hawakuwa na kitu cha kushika mkononi kilichokuwa chake. Mwaka huo mwanaakiolojia Zheng Zhenxiang, mwanamke, aliongoza uchimbaji karibu na Xiaotun, akafikia kaburi ambalo wezi hawakuwahi kuligusa. Shimo lake lilikuwa na urefu wa mita 5.6, upana wa mita 4 na kina cha takriban mita 7.5. Ndani yake kulikuwa na vitu 1,928, vikiwamo vyombo na silaha 468 za bronzi, yaani shaba iliyochanganywa na bati, na vitu 755 vya jiwe la jedi, mbali na kauri za baharini karibu 7,000. Bronzi 109 zilikuwa na jina la Fu Hao. Yalikuwamo mashoka makubwa mawili ya vita yenye uzito wa kilo 9 na kilo 8.5, alama za mtu mwenye amri ya jeshi. Vyombo vingine viliandikwa jina la heshima alilopewa baada ya kufa, Mama Xin, nalo linalingana na jina la mmoja wa wake watatu wa Wu Ding waliotolewa sadaka za ukoo baadaye.

Ni mara chache sana katika historia ya kale jina lililosomwa kwenye maandishi kukutana na kaburi zima la mwenye jina, na ndiyo maana nimesema ushahidi wa jambo hili ni wenye nguvu kuliko yote. Naomba tu usiwaambie wanafunzi kwamba wanawake wa Shang walikuwa sawa na wanaume. Mifupa yenyewe inakanusha. Fu Hao alipokaribia kujifungua, Que aliuliza kama uzazi utakuwa mwema. Mfalme akasoma nyufa: akijifungua siku ya ding, itakuwa vema, akijifungua siku ya geng, itakuwa heri kubwa (ding na geng ni majina ya siku katika kalenda ya Shang, yanayorudi kwa zamu). Baada ya siku 31, siku ya jiayin, alijifungua. Mchongaji akaandika kwamba haikuwa vema. Alikuwa mtoto wa kike. Maandishi haya hunukuliwa mara nyingi kuonyesha kwamba mtoto wa kiume ndiye aliyetakiwa, na ni kweli. Lakini yanaonyesha jambo la pili ambalo mimi naliona zito zaidi: jiayin haikuwa miongoni mwa siku alizozitaja mfalme, kwa hiyo matokeo hayo yalithibitisha kwamba alisoma sawasawa. Huzuni ya nyumbani imehifadhiwa kwa sababu ilishuhudia uwezo wa mfalme wa kuwaelewa mizimu. Tusipolikumbuka hilo, tutaidhania mifupa kuwa shajara ya wazi, ilhali ni kumbukumbu zilizochaguliwa.

Fu Hao alifariki kabla ya mumewe, na mfalme aliendelea kuuliza habari zake. Yapo maandishi yanayouliza kama Fu Hao amechukuliwa kuwa mke huko aliko, na anayetajwa kumchukua mara ni Di, mara ni mmoja wa wafalme waasisi wa ukoo. Sijui maandishi mengine ya kale yanayogusa moyo kwa kiasi hiki, ingawa huenda swali lenyewe lilikuwa la kiibada tu.

Kuna upande mwingine ambao vitabu vya Zhou havikuutaja kabisa, nao haupaswi kufichwa. Ndani ya kaburi la Fu Hao kulikuwa na miili ya watu 16 waliouawa ili wamsindikize, pamoja na mbwa sita. Katika mifupa, mateka wa Qiang wanatajwa katika orodha za sadaka pamoja na ng'ombe na kondoo, mara nyingine kwa kumi kumi, mara nyingine mia tatu kwa pamoja. Mtaalamu Hu Houxuan, aliyezihesabu kafara za binadamu zilizotajwa katika mifupa ya Shang yote, alipata zaidi ya watu 13,000, na kati yao zaidi ya 9,000 ni wa zama za Wu Ding. Kwa hiyo vita vya mpakani na ibada za mji mkuu vilikuwa shughuli moja: vita vilileta mateka, mateka waliwalisha mizimu, na mizimu ilitarajiwa kuleta ushindi mwingine. Yeyote anayemwita Wu Ding mfalme mwema, kama walivyofanya waandishi wa baadaye, anaangalia mambo kutoka mahali ambapo mateka hao hawaonekani.

Kuhusu miaka 59, ushahidi bora unatoka angani. Maandishi ya kundi la mwaguzi Bin na wenzake yanataja matukio matano ya kupatwa kwa mwezi, na kwa kukokotoa nyuma wataalamu wa nyota wameyaweka kati ya mwaka 1201 na 1181 KK. Mradi mkubwa wa serikali ya China wa kupanga tarehe za nasaba za kale, uliotoa matokeo yake mwaka 2000, uliuweka utawala wa Wu Ding kati ya mwaka 1250 na 1192 KK. Wasomi wengine huusogeza mwisho wake hadi mwaka 1189 KK. Angalia, lakini, kwamba mwaka 1250 ulipatikana kwa kuichukua ile miaka 59 ya kitabuni na kuihesabu kurudi nyuma. Kwa hiyo tarehe hizo haziwezi kutumiwa kuthibitisha idadi ambayo ndiyo iliyozizaa. Tunachoweza kusema kwa uhakika ni kwamba utawala ulikuwa mrefu, kwani wingi wa mifupa, idadi ya waaguzi na mfululizo wa vita haviwezi kuingia katika miaka michache. Ukiandika ubaoni kwamba alitawala sehemu kubwa ya nusu ya pili ya karne ya 13 KK, hutakuwa umekosea.

Katika kipindi hicho pia ndipo gari la farasi lenye magurudumu mawili linapoonekana China kwa mara ya kwanza kwa ushahidi ulio wazi, na inaelekea liliingia kutoka nyika za kaskazini na magharibi. Mfupa mmoja unasimulia kwamba siku ya jiawu mfalme alikwenda kuwinda mnyama mkubwa wa porini, ambaye baadhi humsoma kuwa kifaru na wengine kuwa nyati. Gari la ofisa mmoja likagonga mwamba, likaligonga gari la mfalme, na mwanamfalme Zi Yang akaanguka. Teknolojia ilikuwa ngeni na dereva alikuwa bado anajifunza, au ardhi ilikuwa mbaya. Vyovyote iwavyo, ajali hiyo ya barabarani ni miongoni mwa za kwanza kuandikwa katika Asia ya Mashariki.

Baada ya Wu Ding walitawala wanawe wawili, Zu Geng na kisha Zu Jia, na tofauti inaonekana mara moja. Maswali kuhusu ndoto, meno na uzazi yanapungua. Chini ya Zu Jia sadaka za mababu zinaanza kupangwa katika ratiba ya mzunguko, kila mfalme aliyekufa akipewa siku yake, na kufikia wafalme wa mwisho sehemu kubwa ya uaguzi imebaki kuwa taarifa fupi kwamba siku kumi zijazo hazitakuwa na balaa, mara nyingi ikitamkwa na mfalme mwenyewe bila upande wa kukanusha. Wataalamu hawakubaliani kama badiliko hilo lilitokana na kuongezeka kwa imani ya wafalme katika nguvu zao au na uchovu wa desturi. Mimi naelekea kuona kwamba wafalme hao walikwisha kupata vyombo vingine vya kutawala, yaani maofisa, ratiba na kumbukumbu, na hawakuhitaji tena kuwauliza wafu kila jambo. Wu Ding, ambaye jina hili tunalomwita alipewa baada ya kufa, aliwekwa katika ratiba hiyo, na sadaka zake zikawa zinatolewa siku ya ding.